Mpaka Alioupanda Mama

Kuna maneno ambayo yakitamkwa mbele yangu, chakula kinanishinda: "Alikula, lakini alifanya kazi." Nimeyasikia matangani. Nimeyasikia saluni pale Hurlingham, kichwa changu kikiwa chini ya mashine ya kukausha nywele na siwezi kutoroka. Mara moja nimeyasikia nje ya kanisa, kutoka kwa mzee wa kanisa ambaye muda mfupi kabla alikuwa ametuhubiria kuhusu wizi. Wanamsema meya wetu wa miaka ile ya elfu mbili. Sitamtaja jina. Kinywa changu kilimtaja vya kutosha wakati nilipokuwa nampenda.

Ubaya wa maneno hayo ni kwamba ni kweli. Alifanya kazi, nami nilikuwepo.

Nilikuwa nimeajiriwa katika duka la sare za shule katikati ya mji, kwenye mtaa mmoja wa nyuma. Kabla ya meya huyo, mji ulikuwa umetushinda. Takataka zilikuwa zikilala barabarani mpaka zinaota majani. Vyoo vya umma ulivijua kwa harufu kabla ya kuviona, na ukishikwa na haja ulivumilia hadi nyumbani. Taa za barabarani zilikuwepo, ila zilikuwa nguzo tu za watu kuegemea. Jua likianza kuinama, sisi wasichana wa dukani tulivua hereni na kuzificha ndani ya soksi, tukavaa raba, tukashika njia kwa miguu huku tukitazama nyuma. Mimi nilipitia Hurlingham kwenda kwetu, kwenye mtaa wa nyumba za kanjo, yaani baraza la jiji, kando ya Barabara ya Ngong, na sikuwahi kufika nyumbani bila jasho.

Kisha akaja yeye. Taa zikawaka, mtaa baada ya mtaa, mpaka watu wakawa wanasimama chini yake na kuziangalia tu. Vyoo vikaoshwa, vikawekewa mhudumu, sabuni na maua mlangoni. Mizunguko ya barabara ikapandwa nyasi, kando za njia zikapakwa rangi nyeusi na nyeupe, viti vya bustanini vikapigiliwa mbao mpya. Siku niliyotembea kutoka mjini hadi nyumbani, taa zimewaka, hereni zangu zikining'inia masikioni, nilimwambia mama kwamba mtu huyu nitampigia kura hata akigombea ufalme. Mama alicheka. Yeye alikuwa amempenda kabla yangu.

Lazima niseme mama alikuwa nani. Alizaliwa Kinoo, kwenye shamba la baba yake, wakati pale hapakuwa na magorofa wala maduka ya mbao za kujengea. Aliolewa na baba yangu, mzimamoto wa kanjo, na kwa kazi hiyo tukapewa nyumba. Baba alipofariki mama alibaki na nyumba, watoto, na chama cha akina mama wa mtaa, ambacho alikuwa mwenyekiti wake. Wote walimwita Chairlady, hata padri. Chama kilikuwa na hema, viti vya plastiki, na sufuria ambazo ungeweza kumwogeshea ndama. Harusi, matanga, ruracio za kupeleka mahari, maombi ya mkesha, yote yalifanyika kwenye uwanja ulio mbele ya nyumba zetu, na akina mama hao ndio waliopika. Wengi walikuwa wajane au walikuwa na waume ambao ni kama hawapo. Uwanja ule ndio uliosomesha watoto wao. Upande wa barabarani ndio ulikuwa bora zaidi: ni tambarare, malori ya viti yanaingia, na mgeni hapotei.

Meya alipotangaza kwamba mitaa ya kanjo nayo itapendezeshwa, mama alikwenda kuuliza bila kuitwa. Akarudi na ahadi. Haikupita muda, tukawekewa taa, mtaro ukazibuliwa, na kuta ambazo zilikuwa hazijaona rangi tangu baba akiwa hai zikapakwa. Kisha tukaambiwa kwamba meya mwenyewe atakuja kupanda maua pamoja nasi uwanjani.

Vijana wake walitangulia na kamba na vigingi. Walipiga mstari ulionyooka kukata uwanja, si pembeni kando ya barabara, bali ndani, karibu na katikati. Mama aliwauliza, "Kwani mbona hapa? Si maua yakae kule mwisho?"

"Huko nje, Chairlady, tutaweka njia ya miguu na viti vya kupumzikia," mmoja akamjibu. "Hapa ndani ndiyo yenu kabisa."

Akatosheka. Mimi pia nilitosheka, sina haja ya kujifanya niliona mbele.

Meya alikuja amevaa gambuti za mpira. Alivua koti akampa mtu, akawasalimia akina mama mmoja mmoja, akauliza sufuria hizi kubwa ni za nani. Vigelegele vilisikika mpaka ng'ambo ya barabara. Nyuma ya gari lake kulikuwa na magunia, na mama alipofunguliwa gunia la kwanza alishika mdomo. Hayakuwa maua ya dukani. Yalikuwa matoka.

Kwa asiyejua: itoka ni ua la mwituni, jani lake pana, petali zake nyeupe zenye mstari mwekundu katikati, na chini kuna shina nono kama kitunguu. Kwa watu wa mama, halipandwi kwa urembo. Itoka ni mpaka. Wazee wakigawa shamba, walipanda matoka mbele ya majirani, na kuanzia hapo hakuna kesi tena. Hata majani yakikauka au yakiliwa na mbuzi, kitunguu kinabaki udongoni miaka na miaka, na ugomvi ukizuka wazee wanachimba wanakikuta. Kung'oa itoka ni laana. Na kulipanda si kazi ya mwanamke, ni ya wazee wanaume.

Meya alichukua kitunguu kimoja, akakipangusa udongo, akampa mama yangu kwa mikono miwili.

"Mama," akasema, kwa sauti ya kila mtu kusikia, "panda wewe. Hiki ni kiwanja cha akina mama. Leo wewe ndiwe mzee. Ukishapanda, hakuna mtu ataingia."

Sijawahi kumwona mama akipiga magoti kwa furaha namna ile, hata madhabahuni. Alipanda la kwanza, akapanda la pili, kisha akaongoza wenzake mstari mzima. Jirani yetu, mama wa mapacha, aliyetoka upande wa Kakamega na aliyekuwa rafiki yake wa damu, alipanda akiwa nyuma yake huku akimtania, "Chairlady, unachimba kama unatafuta dhahabu! Kwetu ingekuwa mkonge tu na maneno yanaisha." Picha ikapigwa: mama ameinama na kitunguu mkononi, meya amemshika bega. Ilitoka gazetini. Mama aliikata, akaitia fremu, akaitundika sebuleni juu ya picha ya harusi yake.

Alilala akiamini kwamba uwanja umefungwa kwa mkono wake. Na kweli, ulikuwa umefungwa.

Njia ya miguu haikuja. Viti havikuja. Matoka yalichanua mara ya kwanza, yakachanua mara ya pili, na watu waliopita barabarani walisimama kuyatazama. Kisha asubuhi moja tukakuta bikoni, yale mawe ya simenti ya wapima ardhi, zimepandwa upande wa nje wa mstari wa maua, zimeufuata kama watu waliopangwa foleni. Mabati yakafuata. Kibao kikasema ni mali ya mtu binafsi. Kampuni iliyoandikwa chini yake haikuwa na sura, lakini fundi aliyepigilia mabati alituambia bila hata kuulizwa kwamba anayemlipa ni shemeji wa meya.

Mama alikataa kusikia. "Meya hajui," alisema. "Wanamharibia jina." Akavaa gauni lake la chama, akanipigia simu dukani nimsindikize.

Ofisini kwa meya tulipokelewa, na hilo ndilo linaloniuma hadi leo. Laiti tungefukuzwa! Alitoka mwenyewe mlangoni, akafungua mikono, akasema, "Mama wa matoka!" Akaagiza chai. Akauliza habari za mguu wa mama, kwa sababu siku ile ya kupanda aliona anachechemea. Mama alimweleza habari ya mabati kwa upole, kama mtu anayemwarifu mwenye nyumba kwamba kuna mwizi nyuma. Alisikiliza mpaka mwisho.

Halafu akasema, taratibu, kwa lugha ya mama, "Lakini nani kakwambia hiyo ya nje ni yenu? Uwanja wenu si ule ulio ndani ya matoka? Mpaka uliupanda wewe, mbele ya mashahidi. Hata picha iko."

Mama akatazama chai yake.

"Au," akasema, na hapa akatabasamu, wallahi alitabasamu, "siku hizi mtu wa kwetu anang'oa itoka?"

Mama aliweka kikombe juu ya meza kwa uangalifu, kama ni cha watu. Meya alitusindikiza hadi nje ya mlango amemshika mkono. Watu waliokuwa wakingoja kwenye korido walisimama kumsalimia, na wengine walimwambia Mungu ambariki kwa zile taa. Mimi aliniambia nimtunze mama vizuri. Nilitaka kumtemea mate, nikameza.

Huko nje jua lilikuwa linawaka na maua ya meya yamechanua kila kona. Mama alisema amechoka. Tukaketi kwenye kiti kimoja cha bustanini, mojawapo ya vile meya alivyovitengeneza. Mama alipapasa mbao kwa kiganja, kisha akasema, "Ni kiti kizuri." Sijui kama nimewahi kumchukia mtu kama nilivyomchukia meya wakati ule, kwa sababu kweli kiti kilikuwa kizuri.

Jumamosi yake akina mama wa chama walikuja na majembe. Mama wa mapacha ndiye aliyekuwa mbele. Walikuwa wamesikia kutoka kwa vijana wa ujenzi kwamba mabati yatahamishwa ndani zaidi, mpaka kwenye mstari wenyewe, kwani matoka ndiyo ushahidi wa mpaka. Wazo lao lilikuwa jepesi: wang'oe yote, wasawazishe udongo, na mpaka uwe haujawahi kuwepo.

"Chairlady, leta jembe lako tumalize hii maneno."

Mama alitoka na leso kiunoni, akasimama katikati ya maua. "Hakuna mtu atang'oa."

"Kwani hii ni ya Mungu? Si tulipanda sisi?"

"Ndiyo. Tulipanda mbele ya watu. Itoka likipandwa mbele ya watu haling'olewi. Anayeling'oa, nyumba yake inakauka."

"Hiyo ni ya huko kwenu!" mama wa mapacha akasema. "Kwetu ukikosea mpaka unang'oa, unapanda tena, mnakula kuku. Watoto wangu watakula nini hapa?"

"Yeye amefanya uovu wake. Mimi sitaongeza wangu juu yake."

Halafu kutoka nyuma, mmoja wao, sikuona ni nani, akauliza, "Kwani alikupa ngapi, Chairlady?"

Neno hilo lilimpata. Nilimwona akilitafuta kwa macho, uso baada ya uso, na kila uso ukimkwepa. Mama wa mapacha peke yake ndiye aliyebaki amemtazama, akisubiri akane. Mama hakukana. Alikuwa mwanamke wa kiburi. Aliona kukana ni kama kukubali kwamba swali lilistahili kuulizwa. Alisimama pale mpaka wakageuza majembe yao wakaenda.

Nilimfuata jikoni nikamfokea. Sijawahi kumfokea kabla wala baada. Nilimwambia, "Mama, alijua hutang'oa! Ndiyo maana hakuleta mawaridi. Ndiyo maana alikuchagua wewe!"

Alikuwa anaosha kikombe kilichokuwa safi tayari.

"Najua," akasema.

Watu wananiambia kwamba hata wangeng'oa isingesaidia, karatasi za mtu mkubwa huwa tayari kabla ya jembe. Pengine ni hivyo. Lakini si meya aliyewanyang'anya akina mama wale nafasi ya kujaribu. Walinyang'anywa na mama yangu, na hilo hawakumsamehe. Hawakumwondoa uenyekiti, ingekuwa heri. Walianza tu kukutana nyumba nyingine bila kumwambia. Sufuria zilikuwa zinawekwa stoo yetu, nao wakaja kuzichukua mojamoja, kila mmoja na sababu yake ya adabu. Mama wa mapacha, ambaye Jumapili zote za maisha yangu alituletea chapati chini ya kitambaa, aliacha kuleta. Kanisani, alipoingia mama, benchi lilipata nafasi ghafla.

Kipande cha uwanja kilichobaki kilikuwa chembamba, hakikuweza kuingiza hema. Harusi zikahamia kwingine, na wapishi wengine wakapika. Gorofa likapanda upande wa pili, likachukua jua letu la asubuhi, nguo zikawa zinakauka kwa huruma. Ukuta wake ulijengwa sambamba na matoka. Yakaendelea kuchanua chini ya ukuta, mazuri ajabu, na wapangaji wapya wakawa wanapiga picha nayo.

Picha ya sebuleni mama hakuiteremsha. Nilijaribu kuiteremsha mimi, akaniambia niirudishe. "Acha nimwone," alisema. Mgeni akiingia na kusema, "Kumbe ulimjua yule meya! Yule alifanya kazi!" mama alijibu, "Alifanya," akaenda kuchemsha chai.

Na meya? Aliondoka madarakani kwa heshima, kwa nyimbo. Wakati taa zilipoanza kuzimika tena, moja hapa moja pale, na vyoo vikarudia harufu yake, watu walimkumbuka kwa machozi. Walisema bora mwizi anayewasha taa kuliko mwizi wa gizani. Nami hereni zangu zikarudi ndani ya soksi. Hiyo ndiyo hesabu waliyotuachia wanaume hawa: uchague kati ya kuibiwa ukiona na kuibiwa usione, kisha useme asante. Nikiwajibu watu hivyo wananiambia nina uchungu. Ninao. Sioni kwa nini niuombee radhi.

Mwishoni mwa miaka hiyo mama aliamua kuacha nyumba ya kanjo. Mjomba wangu wa Kinoo, kaka yake mkubwa, alikuwa amefanya jambo ambalo wanaume wengi wa rika lake wangelikataa: alimkatia dada yake sehemu ya shamba la baba yao, sawa na ndugu wa kiume. Kasehemu kadogo, nyuma ya nyumba za kupangisha, pembeni ya zizi, lakini ni kake. Alituita tufike mchana. Wazee watatu walikuwa wameketi, majirani wamesimama kwenye ua, na mjomba alikuwa ameweka beseni la plastiki chini. Ndani ya beseni kulikuwa na vitunguu vya matoka, vimechimbwa asubuhi hiyo kwenye mpaka wa babu.

Mjomba alikuwa ameiona ile picha gazetini. Aliichukulia kama heshima ya ukoo. Alichukua kitunguu kimoja, akakipangusa, akampa mama kwa mikono miwili.

"Si ni wewe mzee wa matoka," akasema, na wazee wakacheka kwa furaha. "Panda mwenyewe. Hakuna mtu ataingia."

Hakujua alichosema. Hatukuwa tumemweleza, aibu ya mtaa haipelekwi nyumbani. Mama alikishika kitunguu. Alikigeuza, akakitazama chini penye mizizi, na nikaona kidole chake gumba kinatembea juu ya gamba polepole. Nilifikiri atapiga magoti.

Akakirudisha kwenye beseni.

"Mwite fundi," akamwambia kaka yake. "Aweke simenti."

"Simenti?" Mjomba aliwatazama wazee. "Simenti mtu anang'oa usiku anasogeza. Wewe si ndiwe ulikuwa ukitufundisha sisi? Itoka ndilo mpaka."

"Mikono hii haipandi tena," mama akasema. "Weka simenti, kaka. Nakuomba."

Mzee mmoja alianza kusema jambo juu ya mila, akamwona usoni, akaacha. Fundi akatafutwa kutoka barabarani, kijana aliyekuwa akijenga ukuta wa jirani. Akakoroga mchanga na simenti palepale, akamimina kwenye pembe nne, akafuta mikono kwenye suruali, akalipwa, akaenda. Mama alizunguka pembe zote, akizigusa kwa ncha ya kiatu kuona kama zimeanza kushika, kisha akaingia ndani kusaidia kupakua chakula.

Lile beseni hakuna aliyejua la kulifanyia. Kuvitupa vile vitunguu ni mwiko, na kuvirudisha kule vilikochimbwa mjomba hakutaka kusikia. Lilibaki pale kando ya zizi. Mvua ilipokuja matoka yakaota majani ndani ya beseni, yakachanua humo humo, meupe na mstari wake mwekundu, hayagawi kitu.